Pingili za Wizi

Siku ya matanga ya Iase, jirani yake Jumber alisimama na pembe ya ng'ombe iliyojaa mvinyo, akawaalika waombolezaji wanywe tunda la mzabibu wa mababu zake.

Tsiala, binti wa marehemu, alionja akaganda. Ladha ile aliijua tangu hajaota meno. Ilikuwa ya mzabibu ambao baba yake aliutoa msituni, akaulea nyuma ya nyumba. Jumber aliukata pingili za kupanda kwa siri, na sasa alikuwa akimnyang'anya maiti heshima yake mezani kwake.

Tsiala alikuwa mtaalamu wa vinasaba kwenye kitalu cha mizabibu mjini Telavi. Akapima majani ya pande zote mbili. Majibu: mzabibu mmoja, mwili mmoja. Akayapeleka kwenye baraza la kijiji.

"Ni mmoja, sawa," Jumber akacheka. "Hicho kipimo chako kinasema nani kamwibia nani? Labda marehemu ndiye aliyekuwa na mkono mrefu, Mungu amrehemu."

Baraza zima likaangua kicheko. Tsiala akakunja majibu yake, akaondoka na kicheko kile masikioni.

Basi, vinasaba vilivyoshindwa kumshtaki Jumber vingemtega.

Akauzalisha mzabibu wa baba kwa chavua ya mzabibu mwitu, akaotesha mbegu zake. Mizabibu mwitu ina majike na madume, na dume huchanua lakini halizai. Kwa macho hujui mpaka siku ya maua. Kipimo hujua mche ukiwa na urefu wa kidole. Majike akayaficha kitaluni. Madume akayapanda kando ya barabara, akayazungushia ua, akaacha pengo upande wa Jumber.

Dukani, Jumber akisikia, akajigamba, "Ugonjwa wa ukungu hauigusi mizabibu hii! Na pingili simpi mtu, hata askofu apige magoti!"

Hakusema uongo. Ukungu haukuigusa kweli.

Msimu wa kupogoa ulipofika, kabla ya ua la kwanza, pingili zikapotea. Jumber akang'oa mizabibu yake yote mlimani, akapanda upya. Baada ya miaka mitatu mlima ukachanua, ukanukia mpaka kanisani. Vuli ya mavuno ikaingia bila kishada hata kimoja.

"Umeniuzia uchawi!" Jumber alifoka mlangoni.

"Nimekuuzia? Lini, ami?"

Jumber akajikuna kisogo, akageuka aondoke.

"Ugonjwa wa mizabibu yako naujua," Tsiala akasema. "Njoo kwenye kumbukumbu ya baba. Sema mbele za watu ulikozitoa pingili, nami nitakwambia."

Akaja. Akasimama na pembe ileile.

"Pingili nilizikata kwa Tsiala."

"Na zile za kwanza?" Tsiala akauliza.

Hata watafunaji waliacha kutafuna. "Za kwanza... nilizikata kwa Iase. Mzabibu ni wake. Haya, nambie sasa, mwanangu."

"Ni madume, ami. Mlima mzima. Hayatazaa mpaka kiama."

Kicheko kilipasuka, kilekile cha barazani, safari hii kimebadili njia.

"Umenimaliza! Niyang'oe?"

"Ya nini? Mzabibu wa baba ni jike, ulikuwa ukizaa haba kwa kukosa chavua. Tangu yako yachanue, upepo unaniletea bure. Mwaka huu matawi yameelemewa. Endelea kuyapalilia, ami."

Pembe haiwekwi mezani ikiwa na mvinyo. Jumber akanywa mpaka tone la mwisho, kwa jina la Iase.

Tsiala akaijaza tena.