Kokwa la Cheri

Hartford nzima hakuna mgonjwa mtiifu kama mimi, Orrin Tuttle, mpuliza tarumbeta. Siku ya kwanza tu nilimng'ata daktari kidole.

"Umemaliza?" akauliza Daktari Bidwell, akijifuta damu. "Sasa nifanye kazi?"

Meno yangu ya mbele yalikuwa yakicheza, fizi zinatoa usaha. Madaktari wengine wa meno mjini walikuwa na dawa moja tu: ng'oa yote, vaa ya bandia. Sasa jaribu kupuliza tarumbeta na meno ya bandia. Yatatangulia yenyewe kabla ya wimbo. Bidwell peke yake alisema jino halina kosa, mkosaji ni ukoga mgumu uliojificha chini ya fizi. Akanibana kichwa kwapani, akaukwangua kwa vindoano vyake, jino baada ya jino, huku mimi napiga mateke hewani na kumwita mama, ambaye wakati huo alikuwa sokoni ananunua maharage.

Baada ya wiki kadhaa fizi zikakauka. Meno yakashika, isipokuwa moja la mbele.

"Wenzangu wananiita mkwangua masufuria," alisema. "Nimewaalika sikukuu ya uhuru, baada ya gwaride, waje waone kinywa chako. Tafadhali, kijana, usipulize mpaka nikuruhusu."

"Mimi? Hata mluzi sipigi, daktari."

Siku ikafika. Bwana Goodrich, kiongozi wa bendi, akaniona nina mikono mitupu. "Hupulizi? Basi Amasa atashika nafasi yako."

Amasa akanikonyeza. Yule akipuliza, ng'ombe hukata maziwa! Ningefanyaje? Daktari yuko kwake na wageni, nikajiambia. Nikachukua tarumbeta.

Kwenye sauti ya juu kabisa nikasikia kitu kinaachia, taratibu, bila hata maumivu. Ulimi haukuweza kukizuia, wala sala. Jino likaanguka vumbini na tarumbeta ikatoa upepo mtupu.

"Ni pai!" nikamwambia Bwana Goodrich, damu inanichuruzika. "Asubuhi niling'ata kokwa la tunda la cheri ndani yake, jino likavunjika!"

Mkono ukashuka kuliokota. Kidoleni ulikuwa na kovu la meno yangu. Nyuma yake madaktari wawili wenye kofia ndefu walikuwa wakitabasamu.

"Halikuvunjika, Orrin," alisema Daktari Bidwell, akiligeuzageuza kiganjani. "Limetoka na mzizi wake wote. Na sisi tumesimama hapa tangu ulipoanza kupuliza."