Mgeni wa Hitma ya Duni

Zubeir alikula sahani mbili za pilau kwenye hitma ya kaka yangu Duni, na ya tatu akaivuta karibu. Nilimwonea kinyaa. Yeye ndiye aliyempeleka Duni Ulaya kwa njia anayoiita ya msituni, ya kuvuka mipaka bila karatasi, na kwa njia hiyohiyo bado anawaondoa vijana hapa Makangale.

Duni alifia mpakani, chini ya uzio wa chuma. Aliuparamia, akaanguka, akavunjika mguu. Askari wa upande mmoja wakamburura hadi upande wa pili, na wa pili wakamrudisha. Watu wazima, wenye mama zao! Baridi ikammaliza. Wakamfukia hukohuko na koti lake, hakuna aliyemkosha. Sisi tuliletewa picha kwenye simu, tukamsalia sala ya ghaibu. Mama amebaki na mimi na mdogo wangu Yussuf, na sasa halali mpaka atusikie sote wawili tumo ndani.

Na huyu Zubeir, kanzu imepigwa pasi, kakalishwa ubavuni mwa Shehe, anaitikia amina kwa sauti kumshinda baba yetu. Mla nawe hafi nawe.

Watu waliposhiba nikapita na birika kuwanawisha. Nilipofika kwake akanyoosha mikono, mafuta yanang'aa mpaka kwenye pete.

"Sikukoshi," nikamwambia.

Baba akanikodolea macho. "Usama! Mgeni wa hitma huyo. Nkoshe mikono."

"Maiti wetu hakukoshwa, baba, nimkoshe huyu?"

Zubeir hata haya hakuona. "Ajali haina kinga, Mzee Jaribu," akamwambia baba. "Duni alikuwa hajui kukwea tu. Wenziwe washafika."

Yussuf akainuka. Huyu kwa kukwea mikarafuu hana mpinzani Makangale. Akaninyang'anya birika, nami nikafurahi, nikijua anakwenda kummwagia usoni. Akapiga goti, akamnawisha taratibu kama anamnawisha baba mkwe.

"Bwana Zubeir," akauliza, "huo uzio washinda mkarafuu kwa urefu?"

"Wapi! Mkarafuu mrefu," Zubeir akajibu, huku akisugua vidole.

Nikamgeukia baba amkataze Yussuf. Baba alikuwa amemwelekea Zubeir, anamsubiri aendelee.