Mashapo ya Divai

Kwanza niseme sikunywa. Nasema mapema kwa sababu watu wananiacha nisimulie mpaka mwisho, wanatikisa kichwa kwa huruma, halafu wananiuliza, "Lakini Owuor, ulionja kidogo tu, si ndiyo?" Inanichosha.

Nilikuwa na siku mia tatu na kumi na saba bila tone. Nilizikata moja moja kwa kalamu kwenye kalenda ya kanisa iliyoning'inia nyuma ya mlango wangu hapa ughaibuni, mtaa wa Lidcombe. Zikitimia mwaka, binti yangu Shirleen angekuja kulala kwangu wikendi nzima, bila mtu wa kutuchunga. Ndivyo tulivyoandikishana na mama yake, Kendi, mbele ya wakili. Kabla ya hapo ningemwona saa moja tu kila Jumapili, saa tisa alasiri, kwenye kituo cha familia kule Merrylands, na mtu na kalamu yake amekaa kwenye kona. Masharti yalikuwa mawili: nisinuke pombe, na nisichelewe. Kuchelewa nilishachelewa mara mbili, zile wikendi wanazofunga reli kuitengeneza na kutupakia kwenye mabasi. Mara ya tatu ziara zinasimamishwa.

Sasa utaniuliza, mlevi aliyeacha alitafuta nini kwenye karamu ya divai? Swali zuri. Kendi aliniuliza hilo hilo.

Aliyenipeleka ni Akilimali, Mkongo tunayepanga naye masanduku ghalani siku za wiki. Yeye alikuwa ameshaajiriwa Jumapili na mama mmoja mzungu anayeitwa Nicole. Nicole alisomea mambo ya Wagiriki wa kale chuo kikuu, akakosa mahali pa kuyafundisha, basi akaanza kuwaandalia watu karamu za mtindo huo. Unavishwa shuka jeupe, unalazwa kwenye kochi, unalishwa zeituni na samaki. Mgeni mmoja anafanywa mkuu wa karamu, na ndiye anayeamua divai ichanganywe na maji kiasi gani. Kazi ya Akilimali ilikuwa kupuliza filimbi mbili kwa mpigo, kama walivyokuwa wakitumbuizwa zamani. Nyimbo alizozijua ni za kwaya ya kanisa lao Bukavu, akawa anazipuliza hizo hizo, na wageni wanafumba macho wakidhani wako Athene.

Nicole alitaka msaidizi asiyekunywa, maana wa kwanza alikuwa akizimaliza chupa jikoni. Wakili naye alikuwa ameniambia kwamba barua ya mwajiri, ikisema nafanya kazi karibu na pombe na siigusi, ingenibeba sana. Nikaona Mungu amenifungulia mlango. Jumapili nne nilifanya kazi hiyo na sikuyumba. Ile ya tano, asubuhi kabla wageni hawajafika, Nicole akanipa barua yenyewe, imetiwa sahihi. Niliikunja nikaitia mfuko wa kifuani wa shati langu la manjano. Shati hilo alinichagulia Shirleen mwenyewe, dukani. Juu yake nikajitanda shuka la kazi.

Mchezo uliokuwa ukipendwa kuliko yote ni wa kurusha mashapo, ile divai kidogo inayobaki chini ya kikombe. Kuna nguzo nyembamba ya shaba, kimo changu, na juu kabisa kisahani kimesawazishwa kwenye ncha. Mgeni analala kwa kiwiko cha kushoto, anakunywa, anabakiza mashapo, anapitisha kidole kwenye mkono wa kikombe, anataja jina la ampendaye, halafu anayarusha. Akikipata kisahani, kinaangukia sahani kubwa iliyo chini na kulia ngaa. Hapo inasemekana huyo uliyemtaja ni wako. Mimi nasimama kando ya nguzo na kukirudisha kisahani juu. Siku ya kwanza Nicole alisema kwamba enzi hizo kazi kama hiyo ilikuwa ya mtumwa, halafu akageuka mwekundu akaniomba msamaha. Nikamwambia hakuna shida.

Jumapili zote nne tulirusha juisi ya zabibu badala ya divai. Hilo ndilo nililoafikiana na Nicole kabla sijaikubali kazi. Lakini siku hiyo ilikuwa sherehe ya bwana mmoja aliyetimiza miaka hamsini, na ndiye aliyekuwa mkuu wa karamu. Alionja juisi akaitema kwenye leso, akasema hiyo ni ya watoto, wao watarusha divai kama Wagiriki wenyewe. Nicole akanitazama. Akaja mpaka niliposimama, akaniuliza kwa sauti ya chini kama naweza au niende nikasaidie jikoni.

Nikamwambia hakuna shida.

Hilo ndilo kosa langu, na sitaki mtu anitafutie jingine. Sisi tumelelewa hivyo. Mwenye kazi akikuuliza kama unaweza, unaweza, hata kama moyoni unajua huwezi. Ningesema naomba niende jikoni, leo ningekuwa natandika kitanda cha mtoto. Lakini niliona wageni wote wamenitolea macho, nikaona aibu ya kusema mbele yao kwamba divai inanishinda.

Wale watu hawakujua kulenga kabisa. Walirusha kama wanamwaga maji machafu. Kila aliyeikosa nguzo alinipata mimi, begani, kifuani, kichwani, na kila nikilowa walicheka, nami nikacheka nao. Shuka lilinywa divai mpaka likachoka, likaanza kuipitisha kwenye shati. Kisha mwenye sherehe akataja jina la mkewe, akarusha kwa nguvu zake zote, ikanipiga mdomoni.

Nikaramba.

Sikuamua kuramba. Ukirushiwa kitu mdomoni unaramba, hata mtoto mchanga anaramba. Lakini ulimi wangu uliijua mara moja. Akilimali aliniona nikiramba, filimbi zikanyamaza. "Yaya, toka hapo," aliniambia, maana kwao kaka mkubwa ni yaya. Kabla sijatoka, mwenye sherehe akajikongoja mpaka kwangu, ananiomba radhi na kunishikisha kikombe chake. Eti sasa nami nijaribu, nitaje nimpendaye.

Nikamtaja Shirleen. Nilirusha mara moja tu, kisahani kikaanguka, sahani ikalia, na ukumbi mzima ukapiga makofi. Nitakwambia ukweli, nilifurahi.

Karamu iliisha saa nane na robo. Nilivua shuka, nikanawa kwenye sinki kwa sabuni ya mikono, nikajisugua shingo na nywele mpaka ngozi ikawaka. Shati nililisuuza na kulivaa likiwa majimaji. Kwenye treni mama mmoja alihama kiti. Tulipofika Auburn milango ikafunguka. Nilijua ng'ambo ya barabara kuna duka la nguo za bei rahisi, dakika kumi kwenda na kurudi. Lakini treni ya Merrylands inayofuata ingenifikisha baada ya saa tisa, na hiyo ingekuwa mara ya tatu. Nikasimama mlangoni nashindana na nafsi yangu. Harufu niliweza kuieleza, nikajiambia. Kuchelewa hakuna maelezo. Milango ikafunga.

Nilifika saa tisa kasoro dakika sita. Msimamizi wa siku hiyo alikuwa Mama Katungu, Mkongo wa Butembo, mtu wa sala, anayetupenda. Nilipoona ni yeye nilimshukuru Mungu, kwa sababu ningeeleza kwa Kiswahili. Alinikaribia kunisalimu, akarudi nyuma.

"Papa Shirleen," alisema. "Leo ulikunywa?"

Jibu lilikuwa hapana. Ni neno moja, na lilikuwa kweli. Lakini nilikuwa nimejiapiza kwamba katika kituo hicho sitamdanganya mtu tena, na ulimi wangu ulikuwa bado unaikumbuka ile ladha. Nikanyamaza. Labda nilihesabu tatu, labda nne. Niliona uso wake ukibadilika kabla sijafungua mdomo.

"Sikunywa, Mama. Niliramba."

"Uliramba?"

"Ilinirukia mdomoni. Walikuwa wanacheza, wanairusha kutoka kwenye vikombe."

Hata masikioni mwangu ilisikika kama uongo. Nikasema alete kipimo nipulizie. Akasema hawana kipimo, wana kalamu tu. Nikakumbuka barua, nikaitoa mfukoni. Ilikuwa imelowa nyekundu, maandishi yameyeyuka, imebaki sahihi ya Nicole na neno moja moja. Aliipokea kwa vidole viwili.

"Miye naandikaka tu ile naona na ile nasikia," alisema. Alikuwa na machozi, na akaandika.

Kendi aliingia saa tisa kamili, amemshika Shirleen mkono. Hakuhitaji kuambiwa na mtu. Nilianza kueleza kuhusu Wagiriki, na kadiri nilivyoeleza ndivyo nilivyozama.

"Miaka sita ulikuwa unanuka hivi na kuniapia hivi hivi," alisema, bila kupaza sauti. "Sasa nifanye nini, Owuor? Nibahatishe na mtoto?"

Angekuwa mwingine mbele yangu, mimi pia nisingemwamini.

Shirleen ana miaka minane, na Kiswahili anakielewa chote. Alinisogelea kunikumbatia, akasimama hatua moja kabla ya kunifikia. Akasema kwa Kiingereza chake cha huku, kwa upole, kwamba nanuka kama zamani. Halafu akasema ni sawa. Ni lile sawa la mtu ambaye hakutarajia lolote, na lilinichoma kuliko maneno yote ya mama yake.

Waliondoka. Mama Katungu alinieleza kwamba ziara zimesimama na mwaka utaanza kuhesabiwa upya, kuanzia kesho. Aliniruhusu nikae mpaka saa yangu iishe kama nataka. Nilitaka. Niliketi peke yangu kwenye kile kiti kidogo cha watoto, mbele ya kreyoni na karatasi tupu.

Sasa nikumalizie, kwa sababu hili sijamwambia Kendi wala Akilimali. Chumba kilikuwa na joto, na shati lilipokuwa linakauka harufu ilikuwa inapanda. Sikuichukia. Nilivuta kola nikaisogeza puani, halafu mdomoni, nikainyonya mpaka ikabaki ladha ya kitambaa tu.