Mlango Usiobishwa Hodi

...na supu ilikuwa imefunga utando, utando mwembamba wa rangi ya udongo, maana yake bakuli halikuguswa usiku kucha, Fumino anafikiri, amekunja magoti kwenye mbao za baraza, kibendera cha njano cha kuongozea watalii kimelala mapajani, tabasamu la kazi limebaki usoni kama aproni aliyosahau kuivua, na mbele yake wageni kutoka Osaka wameketi safu moja na soksi zao nene, wanatazama bustani ya ukoo wa samurai wa Mizobe kama alivyowaomba, "tuketi kimya kidogo, wenye nyumba hii walikuwa wakiketi hapa asubuhi kabla ya kwenda ngomeni, tusikilize walichokuwa wakisikiliza wao," ndivyo anavyowaambia wageni wote, na leo amewaambia bila kujisikiliza, mdomo ulikwenda wenyewe, kwa sababu kimawazo yeye bado yuko nyumbani, juu ya ngazi, mbele ya mlango wa kaka yake, anatazama sinia, matonge ya wali yamekauka pembeni, achari ya figili haijasogezwa, vijiti vya kulia vimelala vilevile alivyovilaza yeye jana jioni, na kaka hajawahi kuacha sinia hivi, hata siku za homa alikula kidogo, hata siku alizokasirika alikunywa supu, na akishamaliza hupanga miiba ya samaki ukingoni mwa sahani kama sega, hiyo ndiyo salamu yake, salamu pekee anayotoa, na leo asubuhi hakukuwa na salamu... "Binti, hawa samaki wenu wana kiburi," anasema Mzee Kitaguchi, yule mwembamba mwenye kofia ya sufu, hajaweza kunyamaza hata dakika, ameinama ukingoni mwa baraza akidondosha makombo ya biskuti majini, "nimewapa biskuti ya Osaka hawaiangalii," na wenzake wanacheka chini kwa chini, na Fumino anajibu kwa sauti ya kazi, ile tamu, "baridi ikiingia huzama chini, mzee, hawali tena mpaka majira ya kuchipua," na mzee anauliza, "na hawafi?" na yeye anasema, "hawafi, mzee, wanangoja tu," na neno likishatoka anajiuliza nani alimwambia kwamba hawafi, ni kaka, kaka mwenyewe, zamani, walipokuwa wakipenya kwenye ufa wa ukuta wa udongo kule nyuma na kulala kifudifudi kando ya bwawa hilihili, kaka akisema usiguse maji, ukiwatisha wakati wa baridi hutumia nguvu zote walizoziweka, waache, na yeye mdogo akaficha mikono kwapani akawaacha, amejifunza vizuri mno kuacha... waache, mwache, ndiyo maneno ya nyumbani kwao sasa, mama huyasema akiosha mchele, akikunja nguo, mwache, akiwa tayari atatoka mwenyewe, usibishe hodi, usifungue, weka sinia, sema chakula tayari, ondoka, na si kwamba mama hana uchungu, mama ndiye aliyepiga magoti mbele ya ule mlango mwaka jana, paji la uso juu ya mbao, baada ya mjomba kuja na nyundo akavunja komeo, akamkamata kaka mkono akamburuta mpaka kwenye ngazi, "mtu mzima unalishwa kama kifaranga, huoni haya," na kaka hakupiga kelele, alitetemeka tu, mwili mzima, nywele zimefunika uso, na mjomba alipomwachia alitambaa akarudi ndani, akasogeza kabati nyuma ya mlango, halafu siku kadhaa hakula chochote mpaka mama akaapa, hakuna mtu atakayeugusa mlango huu tena, mwanangu, nakuapia, kula... sasa kiapo kile nani atakivunja, na akikivunja bure, akakuta kaka amelala tu, amechoka tu, halafu kwa sababu yake akaacha kula kweli, lakini jana usiku Fumino hakusikia kitu, hilo ndilo linalomla, kila usiku husikia kupitia dari vile vitufe vya kompyuta vikigongwa, tak tak tak kama mvua ndogo, husikia maji chooni wakati wote wamelala, na jana alilala akisubiri vile mtu anavyosubiri gari la mwisho, dari kimya, akajiambia kesho, akajiambia asubuhi, na asubuhi ikaja na sinia... amemwona Mama Uenaka akipitisha peremende, yule mnene mwenye koti la maua, tangu lango la ngome anagawa peremende kwa kila mtu, amempa hata askari wa maegesho, na Fumino anayo mdomoni sasa hivi, ya nanasi, haiyeyuki, ulimi umekauka, na anataka kuitema lakini mwongozaji hatemi kitu kwenye bustani ya samurai... kwa nini alikuja kazini, ndilo swali, kwa nini miguu ilishuka ngazi, ikavaa viatu, ikaja, alisema, "mama, hajala," na mama alikuwa amekwisha vaa koti la kwenda kiwanda cha mikate ya samaki, akatazama juu, akasema, "huenda hana njaa, nenda, wageni hawasubiri," na akaanza kufunga vifungo, na alivifunga mrama, Fumino aliona, upande mmoja umepanda mmoja umeshuka, mama ambaye hukunja hata mifuko ya plastiki pembe kwa pembe, akatoka hivyohivyo barabarani na koti lililopinda, na sasa tu ndipo Fumino anaelewa alichokiona, mama naye alijua, mama naye alisimama pale akingoja mtu mwingine aseme, na yeye akamngoja mama, wakangojana pale chini ya ngazi, halafu wakaondoka wote wawili, wakamwachia nyumba... Mungu wangu, walimwacha. Na Fumino ndiye aliyeacha shule ili nyumba isibaki tupu, alikuwa mwaka wa pili wa sekondari ya juu, mwalimu akamuuliza sababu akasema mama anaumwa mgongo, uongo, kaka hakutajwa, kaka hatajwi popote, majirani wanajua yuko Nagoya anafanya kazi, na kweli alikuwa Nagoya, alirudi na begi moja, mkubwa wake kazini alikuwa akimsimamisha kila asubuhi mbele ya wenzake asome makosa yake kwa sauti, hilo alilisema mara moja tu, jikoni, amesimama, halafu akasema, "nimechoka, nitalala kidogo," akapanda ngazi, na hicho kidogo hakijaisha mpaka leo, na ndiyo maana Fumino alichukua ziara ya nusu siku, ile ya siku nzima ina malipo mazuri zaidi lakini hii humrudisha kabla ya chakula cha mchana, lango la ngome, mtaa wa kuta za udongo, nyumba hii, halafu bustani kubwa ya mtawala na chai, halafu kwaheri wageni, na leo bado bustani kubwa, bado chai, bado mtu atataka picha chini ya msonobari uliofungwa kamba za kukinga matawi yasivunjwe na theluji, mvua ya picha, tabasamu, tena, macho yangu yalifumba, tena... na angalau kama asingecheka. Alicheka. Si muda mrefu uliopita, kwenye chumba cha nyuma cha nyumba hii, wageni wamejazana mlangoni, yeye akisimulia vizuri kama kawaida, kwamba bwana wa nyumba alimpinga mtawala mbele ya watu, akaamriwa kujifungia, lango likazibwa kwa mianzi miwili iliyopishanishwa, naye akakaa kwenye chumba hiki, asinyoe, asifungue dirisha mchana, mke wake akisukuma sinia mlangoni bila kusema neno, na Mzee Kitaguchi akasema, "mbona hayo ndiyo maisha ya mpwa wangu, chakula mlangoni, hanyoi, dirisha hafungui, ila huyu hakuamriwa na mtawala yeyote, kajihukumu mwenyewe," na wote wakacheka, na yeye akacheka, na haikutosha, akaongeza, "basi mpwa wako ni samurai, mzee," wakacheka zaidi, mwongozaji mchangamfu, Mama Uenaka akampiga kofi la bega, na wakati huo huko nyumbani... nini, huko nyumbani nini, anajaribu kukiona chumba na hakioni, anaona kabati tu kwa nyuma, hajui hata mikeka sasa ina rangi gani, hajui nywele zake zimefika wapi, kuna mtu anaishi juu ya kichwa chake na yeye anajua miiba ya samaki tu... "Binti," ni Mama Uenaka, ameshindwa kimya, amegeuza shingo bila kugeuza mwili, "nilitaka kukuuliza kule ndani, yule bwana alitokaje?" na Fumino anajibu, "alikuja mjumbe kutoka ngomeni, mama, na msamaha wa mtawala, wakaiondoa mianzi," "na kama mjumbe asingekuja?" "angebaki," "na mkewe angeendelea kuweka sinia tu?" "ndiyo, mama, ilikuwa amri," na Mama Uenaka anaguna, anazungusha peremende shavuni, anasema, "mimi ningefungua, wangenikata kichwa lakini ningefungua," na Mzee Kitaguchi, bila kuacha kuwatazama samaki, "wewe ungefungua siku ile ile, ungemsemesha mpaka arudi ndani kwa miguu yake," na wanacheka, na mzee mmoja mwishoni mwa safu anasema shhh, tumeambiwa kimya, wanatulia tena, jani jekundu linadondoka kwenye kuvumwani, lile zulia la kijani kando ya bwawa, na hakuna anayelizungumzia... mjumbe. Kaka hana ngome, hana mtawala, mkubwa wake wa Nagoya amekwisha msahau hata jina, hakuna mtu duniani anayeandaa farasi kuja kusema umesamehewa, toka, hakuna, na wao kila jioni wanaweka sinia wakisikiliza barabara kana kwamba yupo, mama anangoja, yeye anangoja, wamemwachia kaka afungue kwa nguvu ambazo hana, na mjomba hakuwa mjumbe, mjomba alikuja na nyundo, mjumbe haji na nyundo, anakuja anasimama nje anataja jina la mtu, kwa sauti, jina kamili, na Fumino anajaribu kukumbuka mara ya mwisho aliyolitaja jina la kaka yake mbele ya ule mlango na hakumbuki, amesema chakula tayari, amesema leo kuna maharage, amesema naenda, hajasema jina, na kama yu hai amekaa humo bila kuitwa na mtu, na kama... hapana, na hata kama, hata kama ni lile asilotaka kulifikiri, basi asilale humo mpaka mchana huku dada yake anawapiga watu picha, kiapo ni cha mama, yeye hakuapa, na akifungua bure, akamkuta amelala, akamchukia, basi amchukie, mtu anayechukia anapumua, na anasikia vidole vya miguu vikijikunja chini ya uzito wake, vile mtu anavyofanya kabla ya kuinuka, hajainuka bado, kibendera kiko mapajani, wageni wako vilevile, bega kwa bega, makombo ya biskuti yanaelea palepale, na jina limefika kwenye meno, anaogopa likianza litatoka na kilio, lakini linatoka dogo tu, kavu, "Takuma," na tena, "kaka Takuma," na Mama Uenaka anageuka, safari hii na mwili wote, "umesema nini, mwanangu?" na Fumino, ambaye miaka yote hii kaka yake yuko Nagoya anafanya kazi, anasema, "namwita kaka yangu, mama. Yuko nyumbani, amejifungia. Sijui kama yu hai."