Mto wa Kila Jumapili

Kinyozi wa pale darajani alikuwa akiusingizia mto bila haya hata chembe. Kila Jumapili mama mkwe wake, anayekaa ng'ambo ya mto huo, akimpigia simu aende kumtengenezea paa, yeye humjibu kwa kelele, "Mama, mto umefurika! Daraja halionekani!" Kumbe ameketi juu ya daraja hilohilo, ananing'iniza miguu na kutafuna karanga, na kule chini maji hayamfiki bata magotini.

Jumapili hii alirudi nyumbani akakuta godoro mlangoni, na juu yake mama mkwe ametulia kama hakimu.

"Shikamoo, mama. Umevukaje?"

"Marahaba. Kwa miguu, mwanangu. Leo Mungu kasaidia, maji yamepungua. Lakini mto unaofurika kila Jumapili, iko siku utanizoa na nyumba yangu. Nimehamia."

Kinyozi akamshika mama mkwe mkono, akamwinua. "Basi twende nikurudishe sasa hivi, maadamu kumekauka! Na paa nalitengeneza leoleo!"

Mkewe alikwishalibeba godoro, analiingiza ndani. "Thubutu! Mto ule hauaminiki. Si wewe mwenyewe uliyetuambia?"