Sita Iliyojifunga

Kwa siku nne Wavinya alikuwa akiitazama tarakimu 6 aliyoichora, na bado haikumpa amani. Kazi yake ilikuwa kuchora herufi na tarakimu. Hizi zilikuwa za programu ya simu ambamo manesi wangesoma vipimo vya dawa. Mteja wake, Kiarie, alizisifu sana: nyembamba, safi, hazina vikia kwenye ncha. Zingeanza kutumika Jumatatu.

Ijumaa asubuhi, kwenye meza yake mtaani Ngara, Nairobi, aliinuka, akaketi, akainuka tena. Mwishowe akaenda mtaa wa Jamhuri kumwona Peres, nesi wa miaka mingi katika zahanati ndogo.

"Sista, nisomee hapa," akasema, akimpa simu.

Peres akasogea nayo mlangoni, kwenye jua, akakunja uso. "Mililita nane."

"Ni sita."

Peres akaileta simu karibu, akaipeleka mbali. "Hii ni dawa ya mtoto, Wavinya. Mimi ningempa nane."

Wavinya akaichukua simu, akaitazama juani. Shingo ya sita ilikuwa imejikunja mpaka ikakaribia kugusa tumbo lake, na juani ufa mdogo uliobaki haukuonekana kabisa. Akaketi kwenye benchi la wagonjwa, kompyuta mapajani. Akaifungua shingo, akaineneza mistari, akampa Peres asome kati ya mgonjwa mmoja na mwingine. Peres akakosea. Wavinya akabadilisha tena. Mara ya saba, Peres alisoma tarakimu zote bila kusita.

Wavinya akampigia Kiarie, aliyekuwa nyumbani kwake Lavington, baada ya kumtumia zile mpya.

"Hizi zinakaa kama namba za jezi za mpira," Kiarie akasema. "Rudisha za kwanza."

"Za kwanza sirudishi."

"Unanitisha?"

"Mimi ndiye nimeogopa, boss. Ongea na nesi mwenyewe."

Akampa Peres simu, naye akaingia nayo ndani. Yakawa mazungumzo marefu, Peres akisema kidogo kidogo kwa sauti ya chini, Wavinya akizunguka ua huku na huku, akihesabu mawe asijue kwa nini.

"Amekubali namba," Peres akasema alipotoka. "Herufi zibaki vile zilikuwa. Na amesongesha siku ya kuanza mbele wiki mbili."

"Wiki mbili tu?"

"Kunywa chai kwanza."

Wavinya akainywa amesimama, ikamchoma ulimi. Kisha akauliza zahanati nyingine iliyo karibu iko wapi, akatoka kwenda kutafuta macho mengine ya kumsomea.