Sanduku la Kwa Pike

Tangu alipogombea udiwani mara ya kwanza mpaka siku aliyoliaga Bunge, Mercedes Hynes hakuwahi kushinda sanduku la kura la Kwa Pike. Mji mzima wa Gannet, pwani ya Newfoundland huko Kanada, ulimpa kura. Visiwani walimpa. Hata kijiji cha mpinzani wake kiliwahi kumpa, mpinzani akabaki mdomo wazi. Lakini Kwa Pike, ghuba yenye nyumba chache na mbwa wengi, walimnyima kila uchaguzi, na kila usiku wa ushindi, wenzake wakipiga akodiani, yeye alikuwa akiyarudia matokeo ya Kwa Pike.

Wala hakuwasusa. Thubutu! Walipomnyima udiwani, alipigana barazani mpaka bomba la maji likafika milangoni mwao. Wakamnyima umeya, akawawekea lami. Alipokuwa mbunge aliwaganda mawaziri kule Ottawa kuhusu gati la Kwa Pike, hadi mmoja akawa anageuza njia akimwona kwenye ujia. Gati likajengwa, zege tupu. Uchaguzi uliofuata akashinda kwa kishindo jimbo zima, Kwa Pike wakampa kisogo.

"Waache na ukaidi wao," mumewe Leander alimwambia.

Hakuweza. Alitaka wamkubali, basi. Sasa amestaafu, hakuna uchaguzi tena, na jambo hilo lilimuuma kuliko alivyokuwa tayari kukiri.

Jioni ya kumuaga, ukumbi wa parokia ulinuka kabeji na nyama ya chumvi. Watu wa Newfoundland hawamuagi mtu wanayempenda kwa sifa, wanamsema mbele za watu mpaka mbavu zimuume kwa kucheka. Padri akazisema kofia za Mercedes. Leander akafichua kwamba mkewe, akiwa usingizini, humwambia, "Mheshimiwa, keti!"

Kisha akasimama Gus Pike, fundi wa maboti, ambaye Kwa Pike hakuna lililoamuliwa bila yeye. Mercedes akajikaza.

"Mheshimiwa," Gus alianza, "miaka yote hii umebisha hodi kwangu. Umekunywa chai yangu, umembusu mpaka mbwa wangu."

"Mbwa alikushinda adabu!" Mercedes akamjibu.

"Alinishinda, kweli. Ila hakuwa na kura." Gus akageukia meza ya Visiwani. "Nyie mlimpa kura zenu zote. Mlipata nini?"

"Kadi ya Krismasi!" mama mmoja akapaza sauti.

"Kadi! Sisi tulimnyima, tukapata maji. Tukamnyima tena, tukapata lami. Nikawaita watu jikoni kwangu nikawaambia, jamani, huyu mama tukimpa kura tumekwisha, atatutumia kadi. Mnyimeni, gati bado!"

Ukumbi ulilipuka kwa vicheko. Padri alimwaga chai yake. Mercedes alitazama meza ya Kwa Pike, wanawake wamejifunika nyuso kwa leso, mabega yanatikisika. Hasira ilimpanda, na nyuma yake furaha kubwa.

"Wezi nyie!" alifoka. "Na mimi nalala nikijua mnanichukia!"

"Tukuchukie?" Gus aliuliza. "Dada yangu, marehemu mke wangu Ada alitaka kukupigia kura kila mara. Nilimbembeleza asikupigie, mpaka nikatoa machozi. Hadi anakufa hakunisamehe."

Akajifuta pua kwa mkono wa koti.

"Sasa umestaafu. Huna cha kutupa, hatuna cha kukuomba. Kwa hiyo leo ndiyo tunapiga kura. Kwa Pike, nani anampa Mercedes?"

Meza nzima ilisimama. Mikono ikapanda juu, ya wazee na ya vijana, na mzee mmoja kwenye kiti cha magurudumu akainua yote miwili hadi jirani yake akamzomea kwamba anaiba kura.

Mercedes, aliyewahi kuwanyamazisha mawaziri, alilia waziwazi huku akicheka, akamshika mumewe koti na kumtikisa.

"Nimewapata, Leander! Kwa Pike, wote!"